Wageni washike nyundo Katwe, kijiji cha maonyesho hatukihitaji

Ndugu Mhariri,

Wiki mbili zilizopita ulichapisha barua ya msomaji aliyependekeza kwamba, ili watalii waufahamu uhunzi wetu wa asili, kijengwe kijiji cha utamaduni kando ya barabara ya Entebbe, ambamo mafundi wachache watavishwa lubugo, nguo ya magome ya mti, na kufua chuma mbele ya wageni watakaopita wakipiga picha. Nia yake ni njema, na hakuna anayebisha kwamba tumewategemea mno gorila wa Bwindi. Lakini mimi nimewaongoza watalii kwa miaka 22, na mwaka 2018 nilipata bahati ya kushika nyundo ya mhunzi nchini Japani nikiwa mtalii kama watalii wengine. Naomba basi nafasi nieleze kwa nini naona kijiji hicho kitakuwa hasara, hali karakana zenyewe tunazo hapa Uganda, katika mtaa wa Katwe jijini Kampala.

Walionialika ni mume na mke wazee niliowahi kuwapeleka msituni kuwatazama gorila. Badala ya kunizungusha Tokyo, walinipeleka Takaoka, katika mkoa wa Toyama, mji ambao umeishi kwa kusubu madini tangu mwaka 1611, pale mtawala wake, Maeda Toshinaga, alipowaita mafundi saba na kuwapa makazi katika mtaa unaoitwa Kanayamachi mpaka leo. Kengele za mahekalu, sanamu za shaba na vyombo vya madhabahu za Kibudha hutoka huko. Tuliingia katika kiwanda cha Nousaku, kilichoanzishwa mwaka 1916, na jambo la kwanza nililoliona ni kwamba mafundi walikuwa kazini, wamejaa vumbi la mchanga, wala hakuna aliyeiacha kazi yake ili atuchekee.

Kilichonifumbua macho ni namna walivyochagua madini ya kumpa mgeni. Shaba nyekundu huyeyuka kwenye nyuzi 1,085 za Selsiasi, na hakuna mwenye akili timamu atakayemweka mtalii karibu na chungu cha shaba iliyoyeyuka. Bati huyeyuka kwenye nyuzi 232 tu. Mgeni, kwa hiyo, hupewa bati. Niliwekewa kielelezo cha kikombe kidogo ndani ya fremu, nikajaza mchanga wenye unyevu na kuushindilia kwa kipande cha mti, huku binti aliyenisimamia akibonyeza pembeni kwa kidole na kunionyesha kwa ishara kwamba bado ni laini, nirudie. Nilirudia mara tatu. Kielelezo kilipotolewa kiliacha umbo lake mchangani, bati likamiminwa, na baada ya dakika chache lilikuwa limekwisha kuganda. Nilipouvunja ule mchanga, kikombe kilitoka kikiwa na alama ya kidole changu ubavuni, kwa sababu nilikuwa nimeugusa ukuta wa mchanga bila ruhusa. Alama hiyo haikusuguliwa. Iko hapa mezani ninapoandika, na kila anayekuja nyumbani huonyeshwa, apende asipende.

Kutoka hapo tulishuka hadi Echizen, mkoa wa Fukui, ambako visu na miundu vimefuliwa kwa takriban miaka 700, na ambako mwaka 1979 serikali ilivitambua rasmi visu hivyo kuwa kazi ya mikono ya jadi ya taifa. Mwenye karakana alizima taa. Nilidhani umeme umekatika, kama kwetu. Kumbe mhunzi husoma joto kwa rangi ya chuma, na mwanga mwingi humdanganya. Chuma kikiwa na rangi ya chungwa lililoiva, kipigwe. Kikianza kuwa chekundu cheusi, kirudi motoni upesi, kwa maana kila pigo la baada ya hapo linakiumiza. Kipande nilichopewa kilikuwa kimeandaliwa tayari, feleji ngumu iliyounganishwa na chuma laini, kwa sababu kuunganisha vyuma viwili motoni si kazi ya mtu aliyefika asubuhi hiyo. Fundi alishika koleo kwa mkono wa kushoto na nyundo ndogo kwa mkono wa kulia, mimi nikapewa nyundo kubwa yenye mpini mrefu. Alipogonga kidogo mahali, nami nilipaswa kupiga palepale.

Wajapani huliita hilo pigo la kujibu aizuchi, na neno hilohilo hulitumia kwa vile viitikio ambavyo msikilizaji humtolea msemaji ili ajue kwamba anasikilizwa. Nilipoelezwa jambo hilo nilicheka, kwa kuwa niliwakumbuka Waganda wanavyoitikiana "mmm" na "eee" katika salamu ndefu. Nilipiga nje ya mahali mara nyingi. Yule mzee hakukunja uso wala hakuninyang'anya nyundo. Aligonga tena palepale na kungoja. Kukitia kisu maji ili kiwe kigumu alifanya mwenyewe, maana sekunde moja ya uzembe hapo hupasua chuma, halafu akanirudishia nikinoe kwenye jiwe lenye maji mpaka mabega yakauma. Nusu siku nzima ilipita, nami nikaondoka na kisu kilichofungwa kwenye gazeti, ambacho bila shaka kilisafiri katika mzigo wa chini ya ndege.

Wasomaji wazingatie pia mambo ambayo sikuruhusiwa kuyafanya. Kufua upanga nchini Japani kunahitaji leseni, na leseni hupatikana baada ya kujifunza chini ya mfua panga anayetambuliwa kwa muda usiopungua miaka mitano. Hata huyo mwenye leseni hawezi kufua zaidi ya panga ndefu mbili kwa mwezi. Vilevile huko Okuizumo, mkoa wa Shimane, kuna tanuri la udongo liitwalo tatara, lililofufuliwa mwaka 1977, ambalo wakati wa baridi huwashwa kwa siku tatu usiku na mchana, likilishwa mchanga wa chuma na makaa, ili wafua panga wapate malighafi yao. Tanuri hilo halikufufuliwa kwa ajili ya kamera za watalii. Wajapani wamekata kipande kidogo cha kazi, kipande cha kweli, wakamkabidhi mgeni; kazi iliyobaki wameiacha mikononi mwa wenyewe. Kijiji anachokipendekeza msomaji mwenzangu kingefanya kinyume: kingemwonyesha mgeni mambo yote, lakini asishike hata moja, na mafundi wake wangekuwa waigizaji wa kazi ambayo hakuna anayeinunua.

Je, sisi tunacho kitu cha kumshikisha mgeni? Tunacho, na si haba. Majembe ya Bunyoro yalikuwa bidhaa iliyotafutwa na majirani muda mrefu kabla ya Mzungu yeyote kufika; Walabwor wa Abim walifua mikuki na majembe wakawauzia Wakaramoja na Waacholi; na Buganda mhunzi mkuu wa Kabaka alikuwa na cheo chake, Walukaga, ambacho kila mtoto wa shule anakijua kwa sababu ya hadithi ile ya mfalme aliyeagiza afuliwe mtu wa chuma atakayetembea na kuzungumza, na mhunzi akaokoka kwa kudai kwanza makaa ya nywele za watu, ambayo mfalme hakuweza kuyapata ya kutosha. Kuyeyusha mawe ya chuma kumekwisha, kwa kuwa jembe la dukani lilikuwa rahisi zaidi. Kufua hakujakwisha. Nenda Katwe au Kisenyi asubuhi yoyote utasikia mwenyewe: springi za magari zinageuzwa mapanga, mapipa yanakatwa kuwa sigiri, yaani majiko ya makaa, na vijana wanagonga masanduku ya bati ya wanafunzi wa bweni mpaka huwezi kuzungumza kwenye simu. Kwa nini mhunzi huyu ahamishiwe barabara ya Entebbe na kuvuliwa ovaroli yake?

Nasema haya nikiwa na hatia yangu pia. Miaka mingi kabla ya safari hiyo, kampuni niliyokuwa nikiifanyia kazi iliongeza "ziara ya wahunzi" katika ratiba ya siku moja ya Kampala. Wageni walilipa kwa dola. Mhunzi alipewa soda, nami ndiye niliyemkabidhi, nikaona ni sawa. Siku moja kijana mmoja aliomba apige, mhunzi akampa nyundo ili tu asionekane mchoyo, na ganda la chuma lenye moto likaruka na kutua kwenye mguu wa mgeni aliyekuwa amevaa ndara. Hatukuwa na hata kitambaa safi. Tulimmwagia maji ya chupa, na jioni kampuni ikaifuta ziara hiyo kwa maelezo kwamba wahunzi ni hatari. Hakuna aliyeuliza ni nani aliyemruhusu mgeni kuingia karakana na ndara. Jibu lilikuwa ni mimi.

Ninachokipendekeza ni kidogo na kinaweza kuanza bila kumwaga zege. Kitafutwe kitu kimoja ambacho mgeni anaweza kukifua kwa nusu siku, ambacho ni chetu na anaweza kukitumia kwao. Mimi naona kisu kidogo cha kumenyea matooke, ndizi zetu za kupika, ndicho, kwa kuwa ni chembamba, hakina urembo, na kila jiko la Buganda linacho. Mhunzi akate na kunyoosha kipande cha springi kabla wageni hawajafika, mgeni akipashe moto na kukipiga kwa kufuata nyundo ya mhunzi, mhunzi mwenyewe akitie maji, mgeni akinoe na kukitia mpini wa mti. Wageni wasizidi watatu kwa fuawe moja. Asiye na viatu vilivyofunika mguu abaki nje, hata kama ni balozi, na miwani ya kinga na aproni ya ngozi ziwepo kabla ya mkaa kuwashwa. Malipo yapite mkononi mwa mhunzi kwanza, naye ndiye ampe mwongozaji sehemu yake. Hapo najua wenzangu watanuna. Makaa yenyewe ni gharama isiyochekesha, hasa tangu amri ya rais ya mwaka 2023 iliyopiga marufuku biashara ya makaa kaskazini mwa nchi, na mhunzi anayepoteza asubuhi nzima kumfundisha mgeni anapoteza masanduku ambayo angeyauza.

Wapo watakaosema kwamba Katwe ni pachafu na kuna wezi wa simu. Simu huibwa pia mbele ya hoteli kubwa. Mtalii aliyelipia kibali cha dola 800 kwenda kumtazama gorila, kisha akapanda milima ya Bwindi katika matope, hawezi kutishwa na moshi wa Katwe. Na wengi wao hulazimika kulala Kampala au Entebbe kabla ya safari hiyo ndefu ya kusini magharibi, wakikaa siku nzima kando ya bwawa la kuogelea kwa kukosa la kufanya.

Mwezi uliopita nilimpelekea kisu changu cha Echizen mhunzi mmoja wa Katwe ambaye namfahamu tangu siku zile za soda. Alikifungua kwenye kitambaa, akakitazama mgongoni, akapitisha ukucha kwenye makali, kisha akakigeuza upande wa pili na kunionyesha bonde dogo karibu na shina. "Ssebo," akaniambia, "hapa chuma kilikuwa kimepoa na wewe ukaendelea kupiga." Ndivyo ilivyokuwa. Nilimweleza habari ya kisu cha matooke na wageni watatu. Akauliza nani atalipa makaa, nani atanunua miwani, na kama Jumatatu itafaa, kwa sababu Jumatatu wateja wake huwa wachache. Kampuni yoyote ya utalii iliyo tayari kumjibu maswali hayo matatu itanipata kupitia gazeti lako.

Wako mtiifu,
Mwongoza watalii mstaafu,
Entebbe.