Salamu za Nairuzi, Machi 2025

Kwa ndugu zangu wa jumuiya yetu hapa Köln, kwa jamaa mlioko Mombasa, Unguja na Maskati, na kwa majirani zetu Wakurdi ambao watoto wao watawafasiria: assalaam alaykum. Newroz pîroz be. Heri ya Nairuzi, na Mwenyezi Mungu azitakabali funga zetu na zenu.

Salamu hizi ni kazi ya katibu, na katibu ni mimi, basi nimeketi kuziandika baada ya tarawehe kama ilivyo ada. Mwaka huu Newroz, siku ya mwaka ya Wakurdi, imetukuta tukiingia kumi la mwisho. Moto utawashwa watu wakishafuturu. Mwaka wenyewe umekuwa mzito. Bili ya kupashia nyumba moto imepanda hadi watu wanakaa sebuleni na makoti, tende tunanunua kwa kuhesabu, na wengi wetu tumepunguza tulichokuwa tukituma nyumbani, huku tukijua kwamba huko nako unga na mafuta havishikiki. Mola atufungulie milango ya riziki sote, amin.

Ila kilichonielemea mimi si bei. Uani kwetu, kando ya baiskeli, kuna pipa la chuma lenye matundu lililotolewa kwenye mashine ya kufulia iliyokufa. Ndimo alimowasha moto wa Newroz mzee jirani yangu, Mkurdi wa Barzan, milimani kaskazini mwa Iraki, mwaka baada ya mwaka. Miguu yake mitatu aliichomelea mwenyewe. Mzee alifariki Januari, akasafirishwa kwenda kuzikwa kwao, na pipa limebaki linashika kutu.

Chai yake ilikuwa nyeusi, iliyoiva, kwenye kigilasi chenye kiuno, na donge la sukari alilibana kwa meno ya mbele, chai ikapita hapohapo. Niliwahi kumsimulia kwamba bibi yangu Mombasa siku ya mwaka aliiita Nairuzi, na kwamba Makunduchi mpaka leo Mwaka Kogwa haupiti bila kibanda kuchomwa moto. Alifurahi mno. Akanijazia gilasi, akasema, “Basi na nyinyi mnaye Kawa wenu.” Kawa ni yule mhunzi wa hekaya yao ya Newroz, aliyemuua mfalme dhalimu.

Alipenda kusema kwamba Machi ni mwezi wa Wakurdi, wanazaliwa humo na kuzikwa humo. Nilidhani ni maneno ya uzee, mpaka siku aliponihesabia kwa vidole. Mulla Mustafa Barzani, kiongozi wa Wakurdi wa Iraki, alizaliwa Machi 1903, akafia ugenini, Washington, Machi 1979. Qazi Muhammad aliitangaza jamhuri ya Wakurdi ya Mahabad, huko Iran, Januari 1946, nayo haikumaliza hata mwaka. Tarehe 31 Machi 1947 akanyongwa katika uwanja uleule alioitangazia. Makubaliano na Baghdad ya Wakurdi kujitawala yalifikiwa tarehe 11 Machi 1970. Halabja, mji wa Wakurdi wa Iraki, ilimwagiwa gesi ya sumu na Saddam tarehe 16 Machi 1988, wakafa watu wapatao 5,000, na walionusurika wanasimulia harufu kama ya matufaha. Mji wa Ranya uliinuka dhidi ya Saddam tarehe 5 Machi 1991, na kufikia mkesha wa Newroz hata mji wa Kirkuk ulikuwa mikononi mwao. Mwezi haujaisha, vifaru vya Saddam vikarudi, na watu zaidi ya milioni moja wakawa milimani wakikimbilia Uturuki na Iran, wazee wamebebwa ndani ya mablanketi.

Na tarehe 6 Machi 1975. Hapo mzee alikuwa akishusha sauti.

Vita vya Barzani na Baghdad vilivyoanza Septemba 1961, vikatulia 1970, vikarudi 1974, vilikuwa vikiishi kwa mkono wa Shah wa Iran, na nyuma ya Shah walikuwapo Wamarekani. Siku ile, Algiers, Shah na Saddam Hussein, ambaye wakati huo alikuwa makamu wa rais, walipatanishwa na Rais Boumédiène wa Algeria. Iraki ikakubali mpaka wa Shatt al-Arab upite katikati ya maji, na Iran ikaufunga mfereji uliokuwa ukiwalisha Wakurdi. Watu waliopigana miaka yote ile waliuzwa kwa nusu ya mto. Mzee alikuwa na miaka 26, na habari waliisikia redioni. Alinionyesha kwa mikono yake jinsi mwenzake alivyoishika bunduki kwa mtutu, akaipiga kwenye jiwe mara tatu mpaka kitako kikapasuka, kisha akaketi kwenye theluji akavua viatu, kama mtu aliyefika nyumbani kwake. Mwezi huu imetimia miaka 50.

Yeye alivuka akaingia Iran. Kaka zake wawili walibaki Iraki. Mwaka 1983 askari wa Saddam waliwazoa wanaume na wavulana wa Kibarzani wapatao 8,000 kwenye makazi waliyohamishiwa, wasirudi. Mifupa ya baadhi yao ilikuja kufukuliwa miaka mingi baadaye katika jangwa la kusini. Kaka zake wote wawili walikuwamo. Ndiyo maana, kabla ya kuni nyingine zozote, mzee aliweka kwanza vijiti viwili ndani ya pipa, akavingoja vishike moto, ndipo akatuita.

Wala msidhani ni kisa cha Barzan peke yake. Mkataba wa Sèvres wa 1920, wa kuigawa dola ya Uthmaniya, uliwafungulia Wakurdi njia ya kujitawala. Ule wa Lausanne wa 1923, ulioshika nafasi yake, haukuwataja hata kwa jina. Tangu hapo kila kizazi kimekuwa na mlima wake. Sulaymaniyah, huko Iraki, Sheikh Mahmud alijitangaza mfalme 1922, na Waingereza wakamjibu kwa ndege za mabomu. Uturuki, Sheikh Said aliinuka Februari 1925, khilafa ikiwa imefutwa mwaka uliotangulia, na mwezi Juni akanyongwa Diyarbakır pamoja na makumi ya wafuasi wake. Mlima Ararat ukawaka kwa uasi hadi 1930. Dersim, hukohuko Uturuki, mwaka 1937 na 1938, watu walichinjwa kwa maelfu, na mzee Seyid Rıza akapandishwa kitanzini huko Elazığ. Kuna wanaosimulia haya yote kana kwamba ni uasi mmoja wenye kichwa kimoja. Sikubaliani nao. Sheikh Said alisimama kwa jina la dini, Mahabad ilisimama katika kivuli cha jeshi la Usovieti, na PKK, chama cha Wakurdi wa Uturuki, ilipoanza kupiga risasi Agosti 1984 kitabu chake kilikuwa cha Marx. Kilichowaunganisha ni kwamba kila mmoja alikuwa na lugha isiyotakiwa katika nchi yake, na karibu kila mmoja alikuwa na mkubwa fulani aliyemshika mkono alipomhitaji.

Sasa niseme nililolificha miaka 26.

Februari 1999 nilikuwa na miezi michache tu hapa Ujerumani. Abdullah Öcalan, kiongozi wa PKK aliyekuwa akisakwa na Uturuki, alikuwa Nairobi, amefichwa na Wagiriki nyumbani kwa balozi wao. Tarehe 15 akatolewa, akapakiwa garini kupelekwa uwanja wa ndege, na kwenye ndege waliomngoja walikuwa makachero wa Uturuki. Kulipokucha Wakurdi walikuwa wamejaa kwenye balozi za Ugiriki miji mingi ya Ulaya, na jina la Kenya limo katika kila kinywa. Nilikutana na mzee kwenye ngazi. Alijua natoka wapi. Nilimsalimu, hakuitikia. Naye hakuwa mtu wa Öcalan. Chama chake cha Barzani kilishapigana na PKK milimani kulekule. Lakini mkewe aliniambia baadaye kwamba siku ile mzee alilia kama aliyefiwa.

Tukakaa mwaka mzima tukipishana bila neno. Newroz ya 2000 akagonga mlango wangu, akasema kwa kile Kijerumani chetu cha kuchechemea, “Nairobi si wewe. Shuka, moto umewaka.” Nikashuka na kandambili kwenye baridi ile. Nilikula mkate wake, nikanywa chai yake, lakini sikumwambia kwamba naona aibu kwa kilichotendeka katika mji wangu mkuu. Nilijiambia mimi ni nani, mtu mdogo, mambo ya serikali yananihusu nini. Nilipata mioto 25 ya kulisema neno lile. Mzee wangu, niwie radhi. Najua husikii.

Ndugu zangu, mtanivumilia, maana katibu hana mimbari nyingine. Leyla Zana, mbunge Mkurdi, alipoapishwa bungeni Ankara mwaka 1991 aliongeza sentensi moja ya Kikurdi, kuutakia heri udugu wa Waturuki na Wakurdi, na mwaka 1994 akahukumiwa kifungo cha miaka 15. Sisi Kiswahili chetu hakuna aliyetukataza, tunakitupa wenyewe. Watoto wetu wanamjibu bibi yao kwenye simu kwa Kijerumani, na sisi tunacheka tunaona ni ujanja. Semeni nao! Mtoto asiyejua kumwamkia bibi yake hajui anakotoka. Na tuache kugawanyika. Wakurdi wa Iraki, baada ya Halabja, baada ya milima yote ile, waligeukiana wenyewe tangu 1994 hadi 1998, na Agosti 1996 chama kimoja kikayaita majeshi ya Saddam yaingie Erbil ili kimtoe ndugu yake. Mzee hakupenda kulizungumza hilo, na chama chenyewe kilikuwa chake. Kama waliozikwa pamoja waliweza kufika huko, sisi tunaonuniana kwa sababu ya mchango wa ukumbi na nani ashike mikrofoni tujitazame vizuri. Aliyegombana na mwenzake asingoje Idi. Mwezi huu ndio mwezi wa kusamehe, na milango ya toba iko wazi. Na jirani yako akikualika kwenye moto wake, muulize anawakumbuka akina nani.

Tarehe 27 Februari, mwaka huu, kutoka kisiwa cha İmralı alikofungwa, Öcalan amewataka watu wake waweke silaha chini na chama kijivunje, na tarehe 1 Machi PKK ikatangaza kusimamisha vita. Watu wapatao 40,000 wameshakufa katika vita hivyo. Wapo majirani wanaosherehekea, wapo wasioamini, na wapo akina mama wanaouliza mtoto wao alikufa kwa ajili gani. Mimi nasema Mungu ajaalie iwe kweli.

Tunawatakia Newroz ya amani, mwisho mwema wa Ramadhani, na Idi itukute tukiwa wazima. Wagonjwa wapone, wasafiri wafike, wasio na kazi wapate, waliotutangulia warehemewe.

Alhamisi jioni, baada ya futari, uani kwetu. Kila nyumba ilete kuni kavu na kitu kidogo cha kula. Mjukuu wa mzee amelisugua pipa kwa brashi ya waya siku mbili, na yeye ndiye atakayewasha. Aliniuliza kama aanze na vijiti viwili kama babu yake. Nimemwambia aweke vitatu.

Wenu, katibu