Barua kwa mwanangu: fimbo, mkono na hoja ya Thomas wa Akwino

Mwanangu Neema,

Marahaba. Swali ulilonitumia halijibiki kwa ujumbe mfupi, ndiyo maana nakuandikia barua. Wenzako wa darasa la falsafa wanasema hoja ya Mtakatifu Thomas wa Akwino, mwanateolojia wa karne ya 13, kwamba Mungu yupo ni nyepesi kuiangusha: ikiwa kila kitu kina chanzo, chanzo cha Mungu ni nini? Pingamizi hilo lingemmaliza kabisa mtu anayefundisha kwamba kila kitu kina chanzo. Thomas hafundishi hivyo. Anachosema ni kwamba kila kinachobadilika hubadilishwa na kingine, na kwamba hakuna kitu kinachoweza kujisababisha chenyewe. Hayo ni madai mengine.

Fungua Summa Theologiae, kitabu alichokianza mnamo 1265 na kukiacha bila kukimaliza Desemba 1273, miezi michache kabla ya kufa. Tafuta sehemu ya kwanza, swali la 2, kifungu cha 3. Njia zake zote tano za kuthibitisha kwamba Mungu yupo zimo humo, katika kurasa chache tu. Kila kifungu kinaanza na mapingamizi, kisha linakuja neno la kuyapinga (hapa ni Kutoka 3:14, "MIMI NIKO AMBAYE NIKO"), kisha jibu la Thomas mwenyewe, mwishowe majibu kwa kila pingamizi. Wanaosoma kwa haraka hunukuu pingamizi wakidhani ni msimamo wake. Katika kifungu hiki mapingamizi ni mawili tu, na yote ni mazito: la kwanza ni kuwepo kwa uovu, la pili ni kwamba maumbile na utashi wa binadamu vinatosha kueleza kila tunachokiona. Funika jibu lake kwa karatasi, uandike lako kwanza. Hapo ndipo utakapoona uzito wa kazi yake.

Sasa njia ya kwanza, ambayo yeye anaiita iliyo wazi zaidi. Kwa Thomas mwendo ni badiliko lolote: maji kupata moto, tunda kuiva, jiwe kusogea. Kubadilika ni kutoka kwenye kuweza kuwa hivi hadi kuwa hivi kweli. Ukuni mbichi unaweza kuwa na moto lakini bado hauna. Kinachoufikisha huko ni kitu ambacho tayari kina moto. Kitu kimoja hakiwezi, kwa upande ule ule na wakati ule ule, kuwa kinacho na kuwa hakina. Kwa hiyo kinachobadilika hubadilishwa na kingine. Na hicho kingine, ikiwa nacho kinabadilika, kinahitaji kingine tena. Je, mlolongo huo unaweza kurudi nyuma bila kikomo? Thomas anasema hapana, na sababu yake ndiyo wengi hawaioni.

Anatoa mfano wa fimbo: haisukumi kitu isipokuwa imesukumwa na mkono. Fimbo haina nguvu yake ya kusukuma. Inaazima, na inaazima sasa hivi, wakati ule ule inaposukuma. Ongeza fimbo ya pili nyuma yake, ya tatu, ya milioni: bado zote ni za kuazima. Ukiondoa mkono, hakuna hata moja inayosogea. Ndiyo maana "cha kwanza" katika hoja hii hakimaanishi cha zamani kuliko vyote. Kinamaanisha chenye uwezo usioazimwa, kinachofanya kazi leo. Ukishalishika hilo, swali la wenzako linakosa pa kushika, kwa sababu hoja haikuwahi kudai kwamba visivyobadilika navyo vinahitaji kubadilishwa.

Linganisha na swali la 46, kifungu cha 2, katika sehemu hiyo hiyo. Humo anazungumzia fundi anayetumia nyundo moja baada ya nyingine kwa kuwa kila moja inavunjika. Nyundo ya leo haiitegemei ya jana ili igonge. Vivyo hivyo mtu huzaa mtu, na babu akishafariki mjukuu bado anaweza kuzaa. Mlolongo wa namna hii, anasema Thomas, akili peke yake haiwezi kuthibitisha kwamba ulianza. Kwamba ulimwengu una mwanzo, yeye analishika kwa imani. Bonaventura, mwanateolojia aliyeishi na kufundisha zama zake, aliona akili inaweza kuthibitisha mwanzo huo, na Al-Ghazali kabla yao, mwanateolojia wa Kiislamu aliyefariki 1111, alijenga hoja yake ya kuwepo kwa Mungu juu ya mwanzo huo. Basi ukisikia mtu akimshambulia Thomas kwa hesabu za umri wa ulimwengu, ujue anapiga nyumba ya jirani.

Hoja ya mmonaki Anselm ya kuwepo kwa Mungu usiichanganye na hizi. Yeye aliandika Proslogion mnamo 1077 na 1078 katika monasteri ya Bec, Normandy, akianzia kwenye wazo lenyewe: kile ambacho hakiwezi kufikiriwa kikubwa kuliko hicho. Mmonaki Gaunilo alimjibu kwamba kwa njia hiyo hata kisiwa kilicho bora kuliko vyote kingethibitishwa kuwa kipo. Thomas naye hakuikubali hoja hiyo. Yeye huanzia kwenye matokeo tunayoyaona na kupanda hadi chanzo.

Sitakuficha penye udhaifu. Njia ya tatu, inayofanana sana na hoja ya mwanafalsafa wa Kiislamu Ibn Sina kuhusu kilicho lazima kuwepo, ina hatua inayoonekana kuruka. Inasema kinachoweza kutokuwepo, wakati fulani hakipo. Kisha inahitimisha kwamba kama vitu vyote vingekuwa vya namna hiyo, kuna wakati ambapo vyote kwa pamoja havikuwepo. Hilo halifuati moja kwa moja, kama vile kila mtoto kuwa na mama hakuonyeshi kwamba kuna mama mmoja wa watoto wote. Wapo wanaoitetea kwa kuongeza hatua katikati, lakini wewe usiitumie mpaka uweze kuzitaja hatua hizo. Mimi naiona njia ya kwanza kuwa salama zaidi kwa anayeanza.

Na usiseme njia hizi zinathibitisha Mungu mmoja, mwema, mwenye kujua yote. Swali la 2 halifiki huko. Kwamba chanzo hicho hakina sehemu ni swali la 3, wema wake ni la 6, umoja wake ni la 11, kujua kwake ni la 14. Anayeishia swali la 2 kisha akalalamika kwamba hakumwona Mungu wa Biblia hajasoma vya kutosha.

Kabla ya semina yenu, andika njia ya pili, ile ya visababishi, kwa maneno yako, hatua moja kila mstari, na pembeni ya kila mstari uonyeshe kama umeupata kwa kuona au kwa hatua zilizotangulia. Nitumie hata kama haijakamilika, tuipitie pamoja.

Mama yako