Wameniletea Ungo, Shoga

Tabata, Jumanne jioni

Shoga yangu Mama Zai,

Asalaam aleikum, wewe na wanao. Sisi wazima, joto tu ndilo linataka kutumaliza. Mengine nitakwambia tukionana, hili halingoji.

Wale watu wa tamthilia wamenipigia. Nikajitanda khanga mpya, nikaenda. Kumbe wananitaka niigize mchawi! Hata jina hana, kwenye skripti ameandikwa "Bibi". Anaingia na ungo, anacheka, episodi ya pili anakufa. Humo humo yumo mjane mwenye duka Kariakoo, anachumbiwa. Huyo wamempa binti wa miaka ishirini na kitu, eti watampaka poda nywele ziwe nyeupe. Poda, na mvi zangu nimekaa nazo hapa bure! Mchumba je? Mzee Kobe yule yule na kitambi chake, yeye hapakwi kitu.

Mama Rehema ananiambia nishukuru, hela ni hela. Kweli, mwenye nyumba hapokei sanaa. Ila Bi Kidude, yule mwimbaji wa taarab wa Zanzibar, si alipewa tuzo ya WOMEX, ile ya muziki wa dunia, 2005, bibi kizee na sigara yake na ngoma yake ya unyago? Mpaka anafariki 2013, nani alithubutu kumpa ungo? Huko nje nako wameanza kuamka. Youn Yuh-jung wa Korea Kusini alichukua Oscar 2021 na miaka yake 73, kwa kuigiza bibi. Lakini bibi gani! Anatukana, anacheza karata. Halafu 2023 akaichukua Michelle Yeoh, miaka 60, kwa kuigiza mama mwenye duka la kufulia nguo anayerusha mateke. Mateke siyataki, magoti yangu unayajua. Mie nataka kuchumbiwa tu, basi, kabla sijafa episodi ya pili.

Sasa wewe uliyekuwa ukiandika michezo ya redio, niandikie sini moja. Kama mjane wameshamgawa, basi huyo mchawi apate jina, apate deni, na mwanamume aliyemwacha. Dairekta kasema akipenda atabadilisha. Wanavyosemaga, najua, lakini...

Utaweza kabla ya Ijumaa? Au nikatae tu? Wewe ungekubali? Na mkweo karudi Tanga au bado anakutawala jiko? Lile gauni lako la zambarau linakutosha bado, au nije nilichukue? Nipigie, usiandike meseji ndefu, miwani imekatika mkono.

Wako,
Mama Hadija