Shusha! Barua kwa wanangu wenye kigugumizi

Wanangu,

Jumamosi nilikuwa kwenye sendoff ya binti wa jirani. Kaka yake akapewa maiki amkaribishe bwana harusi mtarajiwa, akakwama: "Karibu she... she..." Mshereheshaji akampokonya maiki, akamwigiza, muziki ukawashwa, ukumbi mzima ukaangua kicheko. Mimi, mzee wa miaka 68 mwenye kigugumizi tangu utotoni, nikainamia sahani yangu ya pilau. Hilo linaniuma kuliko hata huyo mshereheshaji.

Maana kujificha nimekuzoea. Enzi zangu za kazi Kariakoo nikiishi Mabibo, neno "shusha" lilinishinda. Kwenye daladala nasubiri abiria mwingine aite, hata kama ni vituo viwili mbele, nashuka naye, narudi kwa miguu na jua lile. Kwa mama ntilie nina hamu ya chapati, ulimi unagoma kwenye "ch", naagiza maandazi. Na maandazi siyapendi! Watu wakanisifu eti mpole. Upole gani? Nilikuwa naogopa herufi.

Kwameni hadharani, wanangu. Tangulieni kusema: "Nina kigugumizi, nivumilie." Mtazameni mtu machoni. Msikubali kumaliziwa neno. Mkimpata mtaalamu wa tiba ya usemi, nendeni, ingawa ni wachache mno.

Nanyi wazazi, acheni "vuta pumzi, sema taratibu." Hamsaidii. Walimu, mimi nilichapwa viboko kwa kunyamazia jibu nililolijua, na sijui kama darasani kwenu hilo limekwisha. Kigugumizi si woga wala uzito wa akili, wala hakiletwi na kutekenywa utotoni, kama alivyoshikilia marehemu bibi yangu. Ni namna ubongo unavyoendesha usemi, na mara nyingi kimo kwenye ukoo. Karibu mtu mzima 1 kati ya 100 anacho, wanaume zaidi. Basi kwenye ukumbi ule hatukuwa wawili tu, na wote tulinyamaza. Musa mwenyewe alilalamika kwamba ulimi wake ni mzito, na bado akatumwa kwa Farao.

Wewe kijana wa Jumamosi, Jumapili nakuja kwenu kukuomba radhi. Mwambie mama abandike chai mapema, maana mpaka nifike mwisho wa "samahani" itakuwa imechemka.

Mzee wenu,
Mabibo