Programu ya simu si mchumba

Ndugu Mhariri,

Naandika kuhusu neno "mchumba" linavyotumika siku hizi katika habari za mapenzi ya mtandaoni. Vitu viwili vinachanganywa: mtu aliye mbali anayeandikiana na mwenzake kwa simu, na programu ya akili mnemba, kama Replika iliyoanza mwaka 2017, ambayo nyuma yake hakuna mtu.

Kwetu Tanga mchumba ni aliyeposa au aliyeposwa: mshenga amekwenda, barua imepokelewa, wazee wamejuana. Usiku mmoja mpwa wangu alinionyesha ujumbe kwenye simu yake, huku anatabasamu: "Umekula, mpenzi?" Nikamuuliza huyo ni wa wapi. Akanyamaza, kisha akasema, "Si mtu, shangazi." Upweke wake ni wa kweli, na sitaki achekwe. Lakini binti akisema ana mchumba, mzazi atajuaje la kuuliza?

Naomba gazeti lako liandike "mpenzi wa mtandaoni" pale tu penye mtu. Programu iitwe "mwandani mnemba". Nalo Baraza la Kiswahili la Taifa lisanifishe istilahi hizi mapema, na litusikilize sisi wa pwani.

Msomaji wenu,
Ngamiani, Tanga