Barua ya wazi kwa mpwa wangu anayeandika riwaya ya wauaji wastaafu

Mpwa wangu,

Mswada wako nimeumaliza, nawe umeniuliza una kasoro gani na zirekebishwe vipi. Najibu hapa hadharani kwa sababu maswali yako wanayo wengi wanaoandika riwaya za taharuki. Jina lako sitalitaja, kwa hiyo usinune.

Wazo ni zuri: wanawake wanne wa Tanga, karibu miaka 40 wamekuwa wakiua kwa kutumwa, sasa wanatimiza 60 na wale waliokuwa wakiwatuma wanataka kuwamaliza. Lakini si geni. Marekani ipo riwaya ya wanawake wanne wa umri huohuo wanaowindwa na mwajiri wao, na Korea Kusini ipo ya muuaji wa kike wa miaka 65. Kwetu ndiko njia haijakanyagwa sana; mashujaa wa riwaya zetu za kijasusi, akina Willy Gamba na Joram Kiango, ni wanaume wasiojua maumivu ya magoti. Kwa hiyo atakayekifungua kitabu chako hatauliza kinahusu nini. Atauliza cha Tanga humu ni kipi, na kwa sasa ni majina ya mitaa tu. Futa Ngamiani uweke Kirumba ya Mwanza, hadithi inaendelea bila kujikwaa.

Dawa imo ndani ya neno lenyewe, kustaafu. Wewe umelifanya pambo: keki ukurasa wa kwanza, risasi ukurasa wa tano. Sura ya pili mkuu wao anasema lazima wafe kwa kuwa "wanajua mengi". Miaka kumi iliyopita hawakuyajua? Kwa nini wafe mwezi huu? Jibu la hapo ndilo linalobeba kitabu kizima, na jibu ni kikokotoo, ile kanuni ya kupigia hesabu mafao ya mstaafu. Neno hilo peke yake linamtoa Mtanzania usingizini, nawe hujalitumia hata mara moja.

Piga hesabu. Tuseme kila mmoja ameahidiwa 800,000 kwa mwezi mpaka kufa. Wanne ni 3,200,000 kwa mwezi, 38,400,000 kwa mwaka. Wakijaliwa kufika 80, ni shilingi 768,000,000, na hapo malipo ya mkupuo ya siku ya kustaafu hujayagusa. Sasa mtoe yule mkuu anayecheka gizani, mweke mhasibu kijana, shati limepigwa pasi, hajawahi kuwaona hao akina mama hata kwa picha. Anaangalia safu ya matumizi inayokwenda miaka 20 mbele. Hana chuki na mtu, anapunguza gharama. Huyo atanitisha.

Halafu kuna uhakiki. Kila mstaafu anaujua: unatakiwa ujitokeze mwenyewe na kitambulisho chako, uonekane u hai, ndipo pensheni iendelee. Humo ndimo mtego wako ulimo, na ulikuwa unapita mbele yako kila siku. Shirika linawaita wote wanne kwenye uhakiki, siku moja, jengo moja. Asiyekwenda anahesabiwa amekufa, malipo yanakatwa. Anayekwenda anauawa. Kurasa 60 za mwanzo zinajiendesha zenyewe hapo, kwa sababu kila mmoja ana shida tofauti ya pesa na kila mmoja ataamua tofauti. Bomu la sura ya tatu halina kazi tena.

Usisahau pia kwamba kwa mtumishi wa umma kustaafu kuna milango miwili, 55 kwa hiari na 60 kwa lazima. Shirika lako linaweza kuiga utaratibu huo. Umemtaja mwenzao wa tano aliyeacha kazi akiwa na 55 "akafa kwa presha", mstari mmoja, basi. Mtu huyo ni dhahabu. Alikufa wiki gani? Kabla ya malipo ya kwanza au baada?

Sasa miili. Mshonaji wako, mmoja wa wale wanne, hamwoni mtu wa ng'ambo ya barabara, lakini anasoma karatasi iliyoandikwa kwa herufi ndogo kwa mwanga wa simu. Umegeuza. Baada ya miaka 40 lenzi ya jicho hukakamaa, kinachoanza kupotea ni cha karibu. Cha mbali kwa wengi kinabaki safi. Akiwa na 60 atahitaji miwani ya kusomea, namba 2.50 hivi, ya kununua popote. Kwa hiyo shabaha ya mita 80 ataiona, ila tarakimu za kwenye kufuli hatazisoma mpaka avae miwani, na miwani iko kwenye mkoba, na mkoba uko kwenye bajaji. Hapo una taharuki bila hata adui kuingia.

Nesi mstaafu naye umemkimbiza mita 300 kwa dakika moja, na sura ya kwanza ulisema goti la kulia limeliwa. Mtu wa goti bovu hutembea kama mita 0.8 kwa sekunde, yaani mita 300 ni dakika sita na ushei. Kijana anayetembea kawaida, mita 1.4 kwa sekunde, anazimaliza kwa dakika tatu na nusu. Kwa hiyo mama huyu anahitaji kutangulia karibu dakika tatu, na kazi yako ni kumtafutia dakika hizo. Mitaa ya Ngamiani imenyooka kama rula, mtu unamwona toka mbali, hivyo kujificha kwenye kona hakutamsaidia. Dakika lazima azinunue kabla hajaanza kutembea.

Azinunue kwa shikamoo. Mlinzi wa geti ana miaka 24, rungu na redio. Anamwona bibi kabeba kapu la maembe, baibui limefifia mabegani. Shikamoo inamtoka kabla ya swali. Bibi anaitikia marahaba, taratibu, anauliza kwao ni wapi, anamuulizia mama yake, kisha, "Nishikie hapa mwanangu, kiuno hiki." Sasa mlinzi kashika kapu kwa mikono miwili, rungu liko kwapani, redio imebaki kwenye kiti, na hawezi kumzuia bibi asiingie mpaka kwanza apate pa kuutua mzigo wake. Bibi keshapita, anauliza msalani ni wapi. Andika hivyo, polepole, bila mzaha wa "kibibi" na mkongojo. Ukimcheka wewe mwandishi, msomaji hatamwogopa. Na tukio hili ni la mara moja. Ukilirudia sura ya kumi linakuwa kichekesho.

Pa kukutania, ondoa ile hoteli ya Raskazone. Wanne wakutane matangani. Mwanamke mgeni aliyekaa mkekani na kanga kichwani hakuna anayemhoji: upande wa mume wanadhani ni wa mke, upande wa mke wanadhani ni wa mume. Atoe rambirambi, ale, aongee na mwenzake kwa saa mbili, aondoke. Kanga yenye jina la fumbo kama ujumbe wa siri, toa. Msomaji yeyote wa pwani atang'amua kabla yako.

Badala yake tumia upatu. Watu kumi, 50,000 kila wiki, mmoja anaondoka na 500,000, na kijumbe ana daftari lenye majina na alama za vema. Ni karatasi ambayo polisi akiikuta ataifunika. Ikiwa mpangilio wa majina ndio mpangilio wa kazi, na wiki hii jina la nesi limerushwa, hana haja ya kuambiwa kitu.

Sura ya tisa ndiyo iliyoniuma zaidi, maana wewe ni mtoto wa pwani. Saa tano usiku, mwezi mpevu, ngalawa inateleza ufukweni kuwachukua. Inateleza juu ya nini? Mwezi mpevu ni bamvua. Siku hizo pwani yetu maji hutoka sana, na hupwa kabisa kwenye saa nne au saa tano, asubuhi na usiku, tofauti ya kujaa na kupwa ikifika mita 3 au zaidi. Ngalawa yako imekaa kwenye tope. Una njia mbili. Sogeza tukio mpaka saa kumi alfajiri, maji yamejaa. Au lirudishe nyuma wiki moja, kwenye maji mafu, ambapo tofauti ni ndogo. Hapo kumbuka saa za maji husogea kama dakika 50 kila siku, zihesabu upya. Mimi ningeacha kosa lilivyo ila nibadilishe mwenye chombo: ngalawa iwe ya vijana waliokodiwa kutoka bara. Mwanamke aliyekulia kuokota chaza anakaa juu ya jiwe kavu anawasubiri wakwame.

Mbinu rejeshi yako, pale unaporudi kwenye ujana wao, ina tatizo la miaka. Aliyetimiza 60 mwaka 2024 kazaliwa 1964. Mwaka 1984 ana 20. Kama alimaliza kidato cha sita alipita Jeshi la Kujenga Taifa, JKT, kwa mujibu wa sheria, na huko bunduki aliishika kihalali. Kambi ya Maramba iko mkoa huohuo, huna haja ya kumpeleka ng'ambo kufundishwa. Ujumbe wa simu ya mkononi mwaka 1991 futa, simu hizo ziliingia nchini 1994. Atume barua kwa kondakta wa basi. Kwa upande wa leo, laini zinasajiliwa kwa alama za vidole, kwa hiyo "akatupa laini akanunua nyingine" haipiti kirahisi. Ila vidole vya wazee waliofanya kazi ngumu za mikono hufutika, mashine inakataa kuvisoma. Mmoja wao awe amekata mkonge ujanani. Anajaribu kidole cha tano kwenye mashine ya wakala, foleni inanung'unika nyuma yake, naye ndani anafurahi kwamba mashine haimtambui.

Silaha nitasema kwa haraka. Kitambaa chenye klorofomu hakimlazi mtu kwa pumzi mbili, huchukua dakika kadhaa. Kizuia sauti hakiifanyi bastola iwe kimya, jirani atasikia. Mtu akipigwa kichwani akapoteza fahamu nusu saa, akiamka hawezi kupigana, anahitaji hospitali. Na sumu usiitajie kipimo. Msomaji anataka kujua nani alikipika hicho chakula.

Urefu: achana na ushauri wa maneno 90,000 uliousoma kwa Kiingereza. "Nimekuona" kwetu ni neno moja. Elfu 55 zinatosha riwaya iliyonona.

Anza upya na sura ya pili, kwa mhasibu, na sura ya kwanza uiandike mwisho. Na mpishi wa shughuli usimuue ukurasa wa 90. Ndiye pekee kati ya wanne anayeingia nyumba za watu kila wiki na kisu mkononi huku akikaribishwa, halafu wewe ukampa bastola.

Shangazi yako