Tuelezwe maslahi ya matajiri wa teknolojia wanaozungumza kwenye filamu za makala

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nizungumzie filamu za makala kutoka nje, ambazo sisi walimu huzitumia hata darasani. Filamu hizo zinapomleta tajiri wa teknolojia kama shahidi, ni haki ya mtazamaji kujua ana maslahi gani katika jambo analolisemea.

Mfano wangu ni Elon Musk. Mwaka 2011 mwongozaji Chris Paine alitoa Revenge of the Electric Car, inayomwonyesha Musk akihangaika wakati Tesla, kampuni yake ya magari ya umeme, ilipokaribia kufilisika. Filamu ile ilimtendea haki mtazamaji, kwa kuwa iliwaweka pia washindani wake wa General Motors na Nissan, na ilikuwa wazi tangu mwanzo kwamba wote hao wana magari ya kuuza. Mwaka 2018 Paine huyohuyo akatoa Do You Trust This Computer?, kuhusu akili mnemba (AI), yaani mashine zinazoiga fikra za binadamu. Humo Musk anaonya kwamba mashine yenye akili kumzidi binadamu inaweza kuwa dikteta asiyekufa, ambaye hatutaweza kumponyoka kamwe.

Ni maneno mazito, na sisemi kwamba ni ya uongo. Lakini msemaji huyo alikuwa miongoni mwa walioanzisha mwaka 2015 OpenAI, shirika linalotengeneza akili mnemba, akatoka kwenye bodi yake Februari 2018, miezi miwili hivi kabla ya filamu kutoka, na tena ndiye aliyelipia filamu hiyo itazamwe bure kwenye intaneti mwishoni mwa juma la kwanza. Mwaka 2023 alianzisha kampuni yake mwenyewe ya akili mnemba, xAI.

Nilipowaonyesha filamu hiyo wanafunzi wangu wa kidato cha tatu hapa Moshi, kwa projekta ya kuazima na shuka jeupe tulilolitundika juu ya ubao, darasa zima lilinyamaza kwa hofu Musk alipofika kwenye maneno ya dikteta. Taa zilipowashwa, kijana mmoja alisimama akauliza: “Samahani mwalimu, huyu si ndiye mwenye yale magari? Sasa anatuonya au anatangaza biashara?” Sikuwa nimewaandaa, na kosa hilo ni langu. Mkondo wa pili niliwaandikia kwanza ubaoni miaka na kampuni hizo, nao wakaisikiliza kwa utulivu, kisha wakabishana kengele ya chakula ikalia hawajamaliza: je, anayetengeneza kitu anafaa kuwa ndiye anayetwambia hatari yake?

Kwa hiyo naviomba vituo vyetu vya televisheni, kabla ya kurusha filamu ya namna hii, vitumie dakika moja kueleza kwa Kiswahili msemaji mkuu anamiliki nini. Gazeti lako nalo, linapoziandika filamu hizi kwenye kurasa za burudani, naomba liongeze sentensi moja yenye maelezo hayo.

Mwalimu wa sekondari,
Moshi